Na Wenzake

Karani wa vizazi na vifo hakunyanyua uso.
"Kazi ya marehemu?"
Nyuma yangu foleni, mtoto wa mtu analilia kashata.
"Alipiga kinanda."
"Mwimbaji?"
"Siyo. Kinanda."
Akaacha pengo kwenye fomu, akanambia nirudi kesho
na kitambulisho.

Nikashika njia ya Rahaleo, kwenye kanda za redio.
Kijana mmoja, Mcha, amevaa glovu kama daktari wa meno,
akanitolea masanduku manne yanayonuka ukungu.
Lebo za taipu, wino wa zambarau:
Bi Kazija Shaame na wenzake.
Bi Kazija Shaame na wenzake.
Seif Mkadam na wenzake, Idi Mosi.
Miaka thelathini na minane
hilo ndilo jina la babangu, Foum Ussi,
msoma mita wa Idara ya Maji,
aliyejua bomba lipi la Kikwajuni linalia juu
na lipi linanguruma usiku kama mtu mwenye deni.

Klabu ilikuwa na piano moja, imeokotwa nyumba ya Vuga,
panya wameshakula sponji,
vibao saba bubu.
Alivikwepa kama mtu wa kanzu nyeupe anavyokwepa dimbwi,
bila kuangalia chini.
Hata kilipokuja kinanda cha umeme, kizima, kimefungwa nailoni,
vidole vyake viliendelea kuvikwepa vile saba.

Mara moja tu alinihadithia, tena akikata kucha:
Mmarekani wa kituo cha Tunguu,
aliyeletwa kusikiliza vyombo vinavyopita angani,
alimuuzia sahani ya santuri kwa shilingi nne.
"Kila mtu anamsikia wa tarumbeta," akasema.
"Mie nikimsikiliza yule wa nyuma, wa piano.
Anamtandikia mwenziwe mkeka,
kisha anatoka chumbani kabla mgeni hajaketi."
Jina la yule wa nyuma halikuwapo kwenye sahani.
Limefutika, au halikuandikwa tangu mwanzo.
Baba alimwita somo yangu,
na alipokuwa na homa alimuulizia
kama mtu anayekaa mtaa wa pili.

Mcha akaweka kanda ya nne.
Ukumbi, viti vinaburuzwa, mtu anakohoa,
na kikohozi hicho nakijua, nimelala nacho ukuta kwa ukuta.
Bi Kazija anaingia beti ya tatu
na maneno yanamtoka.
Asiyejua hatojua. Ni pumzi moja.
Kinanda kinaushika mstari wa nyuma, kinauzungusha,
kinaurudia, kinaurudia tena,
kama mwenye nyumba anayesema karibu, karibu,
huku anatafuta kiti cha miguu minne.
Fidla zinafuata, zinadhani ndivyo ilivyopangwa.
Kisha Kazija anakumbuka.
Vigelegele! Watu wananyanyuka kumtunza,
nasikia noti zikikwaruza kipaza sauti.
Mcha akatabasamu: "Huyu mama alikuwa moto."
Nikamwambia arudishe nyuma.
Akarudisha. Hakusikia.

Matangani Kazija alikuja, buibui limechakaa ukingo,
akakaa mlangoni na viatu vya watu.
"Babako ananidai beti," akasema,
akainama, akaendelea kuchambua mchele.
Wakati ule nilidhani uzee unasema.

Asubuhi nikarudi kwa karani.
Pengo lilikuwa bado, upana wa vidole viwili.
Nikaandika: msoma mita,
kwa kuwa hilo lina barua ya kiinua mgongo,
lina muhuri.

Nyumbani mwanangu Zume amekaa sakafuni
na kinanda cha betri, mafunzo ya babu yake.
Vibao vyote vizima, nilimnunulia mwenyewe Darajani.
Anapiga, anaruka.
Nikahesabu. Saba.
Sijamwambia kitu.